Mikorosho ya Mwaisha wa Kitaya

Mwaisha alihama Kitaya mwaka 2003, mumewe ameshazikwa na magoti yameanza kumsumbua. Mwanawe Isihaka, fundi magari mjini Mtwara, alimfuata mwenyewe.

"Twende ukapumzike, mama. Shamba nitaliangalia mimi."

Huko Likombe, mtaa wa Isihaka mjini, nyumba zilikuwa zinaota kila upande. Leo kichaka, kesho tofali. Isihaka naye alimaliza yake, akaizungushia ukuta na geti. Mkewe Nasra akamkataza mama mkwe kutwanga muhogo uani, eti kinu kinapasua sakafu. Mwaisha akakiegemeza kinu ukutani. Kila msimu wa korosho aliomba kupelekwa kwao, na kila msimu Isihaka alikuwa na udhuru: gari bovu, barabara imekatika.

Siku moja sokoni alikutana na Hadija wa Kitaya, aliyeleta mchele kuuza. Hadija alimshika mikono yote miwili.

"Shikamoo, bibi. Pole na shamba."

"Shamba limefanyaje?"

Hadija akatazama pembeni. "Sisi tulijua mmekubaliana. Aliyelinunua ameshakata mikorosho ya upande wa mtoni, anachoma mkaa."

Mwaisha alirudi nyumbani mikono mitupu. Isihaka alikuwa anakula na wageni. Mwaisha hakuwasalimu.

"Umeuza mikorosho yangu?"

"Mama, tutaongea baadaye."

"Tunaongea sasa hivi!"

Isihaka akasukuma sahani. "Haya. Unadhani bati unazolala chini yake zimetoka wapi?"

"Ile mikorosho niliipanda na baba yako, wewe ukiwa mgongoni kwangu! Mwizi akiiba hukimbia. Wewe umenilaza ndani ya mali yangu, ukakaa unanisikiliza nikikuombea dua!"

Wageni walinawa wakaondoka. Kesho yake asubuhi Mwaisha naye akaondoka, akarudi Kitaya.

Kijijini wazee wa baraza walimwambia mtoto ni mrithi, biashara imeshapita. Aliwaambia mbele ya watu kwamba hawana haya. Kaka yake Sudi akampa kipande cha ardhi nyuma ya nyumba, na Mwaisha akapanda miche ya mikorosho akiwa amekaa juu ya kigoda, maana magoti yalikataa.

Kila Idi Isihaka huja na sukari na khanga. Mama humpikia, humtazama akila, kisha humwambia aondoke mapema. Mwaka juzi Isihaka alijikaza akasema, "Chumba chako bado kipo, mama."

"Kipangishe," alijibu Mwaisha, akaendelea kupalilia.