Dobi Aliyeusafisha Ua Wake

Nyumba yangu iko upande wa barabara uliosalia. Upande wa pili ndio uliotwaliwa na serikali ili barabara ipanuliwe. Wenye nyumba kule walilipwa fidia, wakahama mmoja baada ya mwingine, akabaki dobi peke yake katikati ya vifusi.

Tulimwita Mikunjo, kwa sababu hakuweza kuona kola iliyojipinda akanyamaza. Angekusimamisha njiani hata kama unawahi mazishi, akaikunjua, akaipapasa, ndipo akuachie uende zako. Mkewe alikwisha fariki, na hawakujaliwa mtoto. Mimi aliniita shemeji, maana marehemu mume wangu alikuwa kama ndugu yake.

Kabla ya hayo, tulipoambiwa wathamini wanakuja kutazama kila mtu ana nini kwenye kiwanja chake, wajanja waliongeza vitu. Muuza nyama alipanda mipapai hadi mlangoni mwa choo. Mikunjo alifanya kinyume chake. Nilimwona kupitia dirishani akiangusha banda lake la kupigia pasi, nikavuka mbio nikidhani amepatwa na wazimu.

"Shemeji, unafanya nini?"

"Wageni hao wanakuja. Mabati yameoza, makaro ya kufulia yamepasuka. Mimi mtu wa usafi, wanikute hivi?"

Nami sikujua kwamba kisichoonekana hakilipwi. Nikamshikia upande wa pili wa bati. Akavunja na makaro, akang'oa nguzo za kamba, akafagia ua ukang'aa kama sahani.

Wathamini walipokuja waliusifia ua huo. Kisha wakaandika walichokiona: nyumba ndogo na ua mtupu.

Fidia aliyopangiwa ingemtosha kukodi chumba katika nyumba ya watu. Na ni mwenye nyumba gani atakayekubali mashuka ya wateja yatande uani kwake na moshi wa pasi ya mkaa uingie madirishani? Mikunjo alitaka alipwe fidia ya banda na makaro pia, apate kiwanja cha kuendelea na kazi yake. Hakujua kazi nyingine. Akakataa kutia sahihi, akapeleka malalamiko pamoja na majirani wachache. Lakini wale walikuwa na watoto wa kulisha, wakachoka kusubiri, wakachukua walichopewa.

Tangu hapo kazi yangu ikawa kuchungulia. Asubuhi nikiona moshi wa pasi yake, roho yangu ilitulia. Nisipouona, nilivuka kwenda kumjulia hali. Mwanangu, anayefanya kazi mbali, alinicheka kwenye simu: "Mama, acha kuwachungulia watu!" Simu ikikatika, nilirudi dirishani.

Wateja wake walikuwa wamehama, lakini nguo za baadhi yao zilibaki. Alizipiga pasi, akazikunja, na baada ya muda akazikunjua na kuzipiga tena.

"Za nani hizo?" nilimuuliza siku moja.

"Za watu. Wakizifuata wazikute na mikunjo, watasema Mikunjo amezeeka."

Hatimaye kamati ya malalamiko ilimwita. Ilitaka majirani wawili walioliona banda. Wa kwanza nilikuwa mimi. Kumtafuta wa pili, tulimfuata muuza nyama kwenye duka lake jipya, Mikunjo akiwa amebeba shati ambalo muuza nyama aliliacha kwake.

"Aa, Mikunjo! Hilo shati nilikwisha lilia nikalizika!"

"Limefufuka. Ndugu yangu, nakuomba uje useme tu kwamba banda lilikuwepo. Ulikuwa unakaa humo unanipigia soga kutwa nzima."

Muuza nyama aliweka kisu chini. "Mipapai yangu ililipwa yote. Nikisimama pale, wakianza kuniuliza niliipanda lini, itakuwaje? Niache, ndugu yangu. Nakuomba."

Mikunjo hakumlaumu. Alimpa shati, akamnyooshea kola ya lile alilolivaa, tukaondoka. 

Siku ya kamati nilisimama peke yangu. Mimi sikusoma sana, na hata mbele ya mwalimu wa mwanangu sauti ilikuwa ikinikauka. Nikasema nilivyoweza: banda lilikuwa na mlango unaotazama kwangu, nami nililishika bati lake kwa mikono hii.

"Kwa nini alilivunja, mama?" mwenyekiti aliuliza.

"Kwa ajili yenu. Alitaka mkute pasafi."

 Wanakamati walikwenda kuchimbua uani, wakakuta sakafu ya makaro bado imo ardhini, wakakubali kuyalipa. Banda halikuwa limeacha alama, na shahidi wake nilikuwa mimi peke yangu. Wakalikataa.

Kwa nyongeza hiyo alipata kiwanja kidogo, mbali sana, chenye maji lakini hakina hata kivuli.

"Utapigia wapi pasi?" nilimuuliza siku ya kuhama.

"Juani. Nguo zitakauka upesi." Akacheka peke yake. Kisha akanikabidhi furushi la nguo zilizobaki. "Wenyewe wakija, shemeji, wewe ndiye watakayekukuta."

Akaitazama shingo yangu, akaikunjua kola ya gauni langu, akaipapasa. Akapanda gari lililobeba vitu vyake. Mchana huohuo tingatinga likaingia uani.

Sasa barabara inapita pale, pana na laini, na magari hayasimami. Mikunjo hana simu. Nimeuliza habari zake kwa wapitao, hakuna anayejua. Nguo za furushi lile hakuna aliyezifuata. Nikiona zimeanza kujikunja, nawasha mkaa, nazipiga pasi karibu na dirisha, kola kwanza, kama alivyokuwa akifanya yeye.