Jiko Lililokaguliwa Lilikuwa Letu

Majina yote nnayakumbuka. Ya watu wa mtaa wetu Unguja, mlango kwa mlango, kuanzia msikitini hadi kwa muuza mkaa, na ya paka wao pia nikitaka. Lakini wanangu wamenikataza. "Mama, usiandike majina ya watu, wana wajukuu wao." Haya. Basi huyu nnayemzungumza nitamwita shoga, maana ndivyo nnavyomwita tangu hatujaota meno ya pili, na leo yameshatutoka hayo nayo, bado shoga.

Shoga yangu ni Banyani, Mhindi wa Kihindu. Sasa sote tuko Maskati, yeye anakaa Qurum kwa mwanawe, mie nakaa Ghubra kwa binti yangu. Si mbali, lakini sote wawili hatuendeshi gari, na wanaoendesha wana kazi, wana watoto, wana vichwa vinawauma. Tukionana mara moja kwa mwezi tunashukuru.

Ana mjukuu wa kike, msichana mzuri, ana adabu zake, ila simu haimtoki mkononi. Ameanza kumrekodi bibi yake akieleza Wahindi walivyoishi Unguja zama za Mwingereza. Anawapelekea jamaa zao walioko Dar es Salaam, London, wapi sijui. Moja ikazunguka weee mpaka ikaingia kwenye simu ya mjukuu wangu mwenyewe.

"Bibi, taali, njoo umwone shoga yako. Kawa mtu mashuhuri."

Nikavaa miwani. Nikamwona shoga kakaa kwenye kochi, kajipamba, anasimulia jinsi bibi yake mzaa baba alivyomzuia bwana afya wa Kizungu asiingie jikoni mwao. Sisi sote mtaani tukimwita bibi huyo Ba, kama walivyomwita kwao. Shoga anasema Ba alisimama mlangoni, kizee cha watu, sari nyeupe ya ujane, akamwambia Mzungu: huingii. Na Mzungu akageuka akenda zake. Yaani serikali nzima ya Mwingereza, na Balozi wake, na manowari zake, imeshindwa na Ba.

Nikangoja mama yangu aingie kwenye kisa. Hakuingia.

"Irudishe nyuma," nikamwambia mjukuu wangu. Akairudisha. Nikatega sikio tena. Mama hayumo.

"Bibi, mbona umenuna?"

"Jiko lile lilikuwa letu."

"Jiko gani?"

Ndiyo hayo. Hata katika nyumba yangu mwenyewe hapana anayejua. Mama amekufa, dada zangu wamekufa, na kwenye simu za watu, dunia nzima, kuna Ba peke yake. Nikasema hapana, hili silikubali. Mama yangu ataingizwa kwenye kisa.

Sasa nieleze ilivyokuwa, kisha mtu aniambie kama nna haki ya kukasirika au sina.

Nyumba ilikuwa moja kubwa, ya mawe, imekatwa kati. Ngazi moja. Ukifika juu, milango miwili, wao kushoto, sisi kulia. Chini baba yake shoga alikuwa na duka dogo, anauza vitafunio vya kwao, gathia na chevda, na ladu za sukari, na vyote vikipikwa juu, kwenye jiko la Ba. Jiko hilo sisi hatukuliingia. Mie nilikuwa nikilala kwao, nikisukwa nywele kwao, nikipigwa na mama yake shoga kama anavyompiga mwanawe, lakini jikoni mguu wangu haukupita. Nikiwa na kiu, nakinga viganja, namiminiwa maji kutoka juu, birika isiniguse. Sikuona ajabu. Mtoto haoni ajabu. Ajabu naiona leo, na leo hapana wa kumgombeza.

Mwingereza naye alikuwa na yake. Hospitali Mzungu kwake, Mhindi kwake, Mwarabu kwake, Mwafrika huko nyuma. Kila mtu na kiganja chake, tuseme hivyo. Nnapomsikia shoga anaeleza kama dhulma ilikuwa ya Mzungu peke yake, natamani kuingia ndani ya simu.

Basi ikaja amri. Kila anayeuza chakula lazima bwana afya apande alione jiko lake, aone maji, aone nzi, ndipo apewe leseni ya duka. Baba yake shoga akaja juu kumwambia mama yake. Ba hakupiga kelele. Alisema mtu anayekula ng'ombe akikanyaga jikoni mwangu, na viatu vyake vya ngozi ya ng'ombe, sitakula wala sitakunywa mpaka roho initoke. Na Ba akisema hafanyi mchezo. Aliwahi kufunga kwa sababu ndogo kuliko hiyo, mpaka daktari akaitwa.

Sasa fikiri. Akiingia Mzungu, Ba anakufa. Asipoingia, duka linafungwa, na duka ndilo linalowalisha wote, na Ba mwenyewe. Mwanamume wa watu akashuka dukani, akaketi.

Mama yake shoga akaja kwetu. Alisimama mlangoni, maana na yeye haingii kwetu, kisha akalia. Mama yangu alikuwa anapepeta mchele. Hakuinua kichwa.

"Siku gani anakuja?"

"Kesho kutwa, dada."

"Mzungu huyo analijua jiko lako?"

"Hajapata kuliona."

"Basi muonyeshe langu. Atajuaje?"

Nawaambia ukweli, mama yangu alikuwa hajui kusoma hata jina lake. Lakini akili ile alitoa hapo hapo, ungo uko mapajani.

Siku yenyewe, alfajiri, wakati Ba yuko kwenye ibada yake, masufuria yao ya shaba yakavuka ngazi. Mie niliyabeba. Mama kaosha jiko, kafukiza udi, kafagia mpaka darini. Mama yake shoga akaleta na sanamu yake ndogo ya mungu, aiweke karibu na seredani ya mkaa, jiko lifanane na lao.

"Ishia hapo hapo," mama akasema. "Masufuria yako nayakaribisha. Miungu yako ibaki kwako."

"Haki yako, dada," akairudisha.

Mbona kila kitu wamekikumbuka, ila papa! Papa mkavu kaning'inia juu ya seredani, hapo hapo alipokaa siku zote, hata hawamuoni tena, kama mtu asivyoiona pua yake. Na harufu yake mnaijua. Jiko la Banyani asiyekula hata yai, lina papa!

Bwana afya akapanda. Nnavisikia viatu vyake mpaka leo, ko, ko, ko. Nyuma yake karani wake, Mgoa, mtu wa Goa, anafasiri. Akapelekwa mlango wa kulia. Akaingia na mabuti yake mpaka mbele ya mtungi wetu wa kunywa, akachungulia, akafunua vifuniko. Mama hakusema neno. Alimeza. Mwanamke ambaye hata baba yangu akiingia jikoni na makubadhi alikuwa akimpigia kelele! Kisha Mzungu akanyoosha fimbo kwa papa. Nini hii?

Mgoa akamtazama papa. Akamtazama mama yake shoga, na tone lake jekundu kipajini. Akamtazama mama yangu na kanga zake. Mgoa si mjinga, anajua Banyani hali samaki, na anajua nyumba hii imegeuzwa. Akamwambia Mzungu maneno kwa Kiingereza, Mzungu akacheka, akaandika, akenda zake. Baadaye tukasikia alimwambia ni kinga ya husda. Mzungu yule ukimwambia jambo la maana haandiki. Mwambie uchawi, kalamu inakimbia.

Leseni ikatoka. Ba, aliyekuwa kajifungia jikoni kwake anasubiri kufa, akaambiwa Mzungu amekuja, amesikia msimamo wake, amerudi. Hicho ndicho alichokishika mpaka siku yake ya mwisho, na ndicho alichowaachia wajukuu.

Na sisi? Jioni ile tulikaa tunasikiliza ukutani. Mama yake shoga anayasugua masufuria kwa majivu na ukwaju, krrr, krrr, kwa kuwa yameingia kwetu. Dada yangu mkubwa akasema, "Mama, unasikia? Tumekuwa najisi." Mama akasema, "Mwache ayasugue. Shaba ikisuguliwa inapendeza." Lakini chakula hakula.

Basi. Wiki iliyopita shoga akapiga simu. Mjukuu wake anataka kurekodi tena, watu wamekipenda kisa, na mara hii wanitaka mie niwepo.

"Niwepo nifanyeje?"

"Uwe shahidi, shoga. Weye ndiye uliyebaki."

Shahidi! Nikamwambia mjukuu wangu wa kike, yallah, nipeleke Qurum.

Tulikaribishwa vizuri, hilo siwezi kulificha. Chai ya maziwa, vitumbua amevipika shoga kwa mkono wake, na tukala sahani moja, siku hizo zingine zimekwisha. Mjukuu wake akaisimamisha simu kwenye kijiti. Shoga akaanza, ile ile, Ba mlangoni, sari nyeupe, Mzungu anarudi nyuma. Kisha akanigeukia, anatabasamu na simu:

"Si kweli, shoga?"

"Si kweli," nikasema.

Msichana akataka kuizima. Nikamwambia, "Iache, mwanangu." Nikakitoa kisa chote kama nilivyokitoa hapa, mlango wa kulia, masufuria, papa, Mgoa. Mjukuu wangu alinifinya paja, mara mbili. Sikunyamaza.

Nilipomaliza shoga alikuwa anajipepea kwa mkono, na hapo kiyoyozi kinatugandisha.

"Unataka nimuaibishe Ba mbele ya watu," akasema kwa sauti ya chini. "Masufuria aliyopikia chakula cha ibada, yalikuwa yametoka jikoni kwenu. Kama angelijua, angelikufa."

"Lakini hakujua. Ba wenu kafa hajui, kafa shujaa. Mama yangu kafa anajua, na kanyamaza kwa ajili yenu. Na mabuti ya Mzungu yamemkanyagia jiko lake, hakusema kitu. Kwa nani? Kwa duka la baba yako! Sasa hata jina lake limo wapi?"

Shoga akaacha kujipepea.

"Mabuti gani?"

"Ya bwana afya! Hukuyaona?"

"Mie niliyaona. Weye ndiye hukuyaona." Akakaa sawa kwenye kochi. "Na masufuria hukubeba weye, nilibeba mie. Weye ulifukuzwa, ukae ngazini, maana mama yako alisema huyu mtoto mdomo wake haufungi, atatoa siri. Ulikaa nje unalia, umenyimwa ladu."

"Sikulia."

"Ulilia. Mie ndiye niliyekuwa ndani, nyuma ya gunia la mkaa. Mzungu alifika mlangoni mwa jiko na mabuti, ko ko ko, hayo ndiyo uliyoyasikia. Mama yako akaweka mkono, hivi." Akanyoosha mkono wake mwembamba, na bangili zake, mbele ya uso wangu. "Akamwambia Mgoa, mwambie bwana hili ni jiko la Kibanyani, haliingiwi na viatu. Mungu wao hataki."

Nikaweka kikombe chini.

"Mama yangu alisema hivyo?"

"Huku mama yangu kasimama pale, karibu azimie. Mgoa akafasiri. Na Mzungu akakaa kwenye kizingiti cha jiko akavua, kiatu kimoja, kiatu cha pili. Soksi yake ilikuwa imetoboka. Kidole gumba kiko nje, shoga, chekundu kama pilipili. Jiko zima alilikagua na kidole kile."

Wasichana wetu wakacheka mpaka simu ikaanguka kutoka kwenye kijiti. Mie sikucheka. Nilikuwa na hasira mpya. Maisha yangu yote nimemwona mama yangu kasimama pale, kichwa chini, kameza, na mwenzangu alikuwa na mkono ule ulionyooshwa, amekaa nao. Tumekunywa chai pamoja mara ngapi hapa Maskati!

"Na hujaniambia!"

"Hujaniuliza. Toka utotoni weye kazi yako kueleza. Kusikiliza hujui."

"Na ukasema ni Ba aliyemzuia!"

"Nifanyeje? Ndivyo Ba alivyotaka." Akaiokota simu, akampa mjukuu wake. "Haya, washa tena. Tunaanza upya." Akatengeneza sari begani, akakohoa. "Mlango wa kulia alikaa mama yake huyu. Alikuwa mwanamke mfupi..."

"Hakuwa mfupi," nikasema.

"Alikuwa mfupi, shoga."

"Ulikuwa nyuma ya gunia umechuchumaa, ungemwonaje mfupi? Mwambie mtoto aifute hiyo. Anza tena, sema vizuri."