Wimbo wa Kuku Siku ya Akdi Yangu

Mjomba wangu, ndugu wa mama, alikuwa mtunzi wa nyimbo pale Munje, na nyimbo zake zilikuwa zinaiba saa. Usicheke. Mama alitumwa chumvi dukani asubuhi, akampitia kaka yake barazani anapiga udi wake, akarudi adhuhuri akiapa kwamba amekaa kidogo tu. Mzungu mmoja wa Diani aliachwa na ndege kwa ajili yake.

Faida ya wizi huo niliijua siku ya akdi yangu.

Bwana harusi alikuwa mtu wa Vanga. Baba yangu alikuwa ameshatangulia mbele ya haki, kwa hiyo walii wangu wa kuniozesha alikuwa baba mkubwa, mtu wa kutazama saa yake ya mkononi hata akiwa anatafuna. Baba mkubwa hakumpenda huyo wa Vanga tangu mwanzo. Adhuhuri ikaswaliwa, watu na kadhi wakakaa chini ya turubai kungoja akdi, watu wa Vanga kimya. Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha, na barabara ile, jamani, ikinyesha haipitiki. Simu zao hazishiki.

"Ikiswaliwa alasiri hawajafika," baba mkubwa akatangaza, "watu wale wali wao, waende zao. Mimi sichezewi."

Mie ndani nimepambwa nimekamilika, wanja unanichuruzika mashavuni. Nilimpenda yule mwanamume, na nilijua akdi ikivunjika siku hiyo, baba mkubwa hatairudisha tena.

Mama akamwita kaka yake dirishani. "Fanya lako."

Akafanya. Akaanza wimbo mpya, wa kuku aliyepotea mtaani. Kila ubeti jirani mwingine anatuhumiwa, anajitetea, anamsingizia mwenzake. Udi unakwenda polepole, unakawia, ukidhani umefika unageuka tena. Watu wakacheka, wakatulia. Nikachungulia: baba mkubwa amekunja miguu, saa imefunikwa na mkono wa kanzu.

Ikaadhiniwa alasiri. Mjomba akaulaza udi katikati ya ubeti. Nikasema basi, yamekwisha. Wanaume wakaenda msikitini, wakaswali, na wakarudi! Baba mkubwa mbele, kanzu ameipandisha kwa haraka.

"Enhe! Na yule mshona makuti alijibuje?"

Wallahi nilicheka hadi mama akanifinya.

Jua lilikuwa limekwisha kushuka ndipo watu wa Vanga walipoingia, tope hadi magotini, bwana harusi na kiatu kimoja. Mzee wao akatoa salamu, akaanza kuomba. "Tuwieni radhi, ndugu zetu, tumewakawiza mno."

"Mmekawia wapi?" baba mkubwa akasema, wala saa hakuitazama. "Kaeni. Kwanza tujue kuku aliliwa na nani."

Na mjomba, Mungu amsamehe, akaanza ubeti mwingine!

Subira ikanishinda. Kwetu walii humwendea bibi harusi kumuuliza kama ameridhia, naye huinamisha kichwa akanyamaza. Kimya chake ndiyo idhini yake. Mie nikatoa kichwa dirishani mbele ya wanaume wote.

"Kuku nimemla mie! Niozesheni!"

Turubai zima likaangua kicheko, na huku ndani vigelegele. Baba mkubwa akajifuta machozi ya kucheka, akamgeukia kadhi.

"Andika," akasema. "Ameridhia."