Ushahidi wa Usiku wa Ijumaa

Ujinga niliuanza mie: mahakamani nilimwigiza sajini alivyomburuta baba, tumbo mbele, makalio nyuma, mpaka karani akacheka. Nikajiona bingwa.

Leo Alhamisi jua limezama, jirani kafukiza udi, na harufu yake imenirudisha kulekule.

Sheria iliwaruhusu polisi kumweka mtu ndani siku moja tu bila kumshitaki. Baba alishitakiwa Jumamosi asubuhi, meno mawili yameshavunjwa humohumo kituoni. Wakili wetu alitaka aachiwe. Polisi walidai wamemkamata Ijumaa, na aliyeshuhudia akikamatwa nilikuwa mie peke yangu.

"Walimchukua lini?" hakimu Mzungu aliuliza kupitia mkalimani.

"Usiku wa Ijumaa, bwana, baada tu ya magharibi."

Kwetu Temeke kila mtoto anajua kwamba jua la Alhamisi likizama, usiku wa Ijumaa umeingia. Mkalimani, mtu wa bara, akamwambia Ijumaa jioni. Hakimu akaandika. Wakili akajishika kichwa.

"Alhamisi!" nikapiga kelele. "Nilimaanisha Alhamisi, wallahi!"

"Kaanza tena vichekesho vyake," sajini alisema, na safari hii wakacheka wote.

Ombi likatupwa. Baba akarudishwa mahabusu, kaziba mdomo kwa kiganja, hata kutuaga hakuweza.

Njiani mama hakunigombeza. Tulipofika mlangoni ndipo aliposema: "Kesho usitoke nje. Watu watakuuliza, na wewe utawajibu."