Mashavu Yangu na Ikama

Ukinenepa kuliko picha ya kwenye ikama yako, yaani kibali cha kuishi Saudia, mashine inakataa kuiongeza muda, unarudishwa kwenu. Aliniapia hivyo kwa simu dereva mwenzangu wa Jeddah, na mimi, na cheti changu cha shule ya usiku, nikaamini yote. Kwenye picha nilikuwa mwembamba kama msumari. Baada ya miaka miwili ya wali wa nyama wa Riyadh, mashavu yalikuwa yananitangulia kuingia mlangoni.

Ikama ilibakiza wiki mbili, na nyumba yetu Tanga haijaezekwa. Nikaacha kula. Kila alfajiri nikakimbia mtaa wetu wote wa Malaz mpaka paka wakaanza kunisalimia.

Siku ya tisa nikaenda kwa kafili wangu, mwajiri aliyenidhamini, suruali nimeishikilia isianguke.

“Bosi, yalla, twende tukaongeze ikama. Sasa nafanana na picha.”

Akanikagua kama mgonjwa. “Picha gani? Ikama yako nimeiongeza muda kwa simu wiki iliyopita, nikiwa nimekaa hapahapa. Hakuna aliyeuliza habari za uso wako.”