Mtalii Aliyegeuza Mgongo

Mimi ni mtu wa nyumbani. Wengine husema hivyo kwa kujisifu. Mimi nasema kama mtu anayemtajia daktari ugonjwa wake. Nashona sare za shule hapa Kahororo, Bukoba. Cherehani iko barazani, kitanda kiko hatua kumi na moja nyuma ya cherehani, na katikati ya hapo sijawahi kuona kilichopungua. Mara ya mwisho kufika wilaya ya Muleba nilikwenda mazishini, nikarudi kabla chakula hakijaiva, jambo ambalo ndugu wa mke wangu bado wanalisimulia.

Kwa hiyo shemeji, mdogo wake mke wangu, alipokuja kuniomba niwe mtalii, mke wangu alicheka mpaka akakaa chini.

"Sikiliza kwanza," shemeji akasema. "Ofisi ya utalii wamenipa siku ya majaribio. Safari binafsi, mteja mmoja, mjini mpaka vilima vya Izigo na kurudi. Mteja asiwe ndugu, na awe hajawahi kuviona vivutio."

"Mimi ni shemeji yako."

"Hilo tutalificha. Lakini hilo la pili, Kagera nzima hakuna anayekuzidi. Wewe hata ziwa unalisikia kwenye redio."

Ningekataa, ila nilijua lililoko nyuma ya utani wake. Hilo lilikuwa jaribio la pili. La kwanza mteja alitapika kwenye kona za mlimani, ikaandikwa kwamba hakuridhika. Akishindwa tena, ofisi haitamwita, na atahamia Mwanza kwa kaka yake kulea watoto wa wenzake. Miezi miwili alikuwa akikariri maelezo ya safari hiyo akichuja chai, akifua, akipanga foleni ya maji. Mwanamke wa miaka thelathini na minane, anakariri mawe na miteremko kama mtoto wa shule. Nikasema sawa. Mke wangu akanifungia chakula cha siku tatu.

Asubuhi nilijipeleka stendi nikiwa nimevaa kofia yenye kamba ya kidevuni na miwani myeusi ya mwanangu. Dereva alikuwa mtu mzima wa mjini, Mwislamu mwenye kibaraghashia safi, na ubao wenye fomu aliouweka juu ya dashibodi. Ndiye aliyepaswa kujaza fomu na kuipeleka ofisini. Shemeji alinipa mkono kana kwamba hajawahi kula kwangu.

"Karibu sana, mgeni wetu. Umetokea wapi?"

"Dodoma," nikasema, kama tulivyokubaliana.

Dereva akanitazama kwenye kioo. "Dodoma sehemu gani?"

"Karibu na bunge."

"Kila mtu wa Dodoma anakaa karibu na bunge," akasema, akawasha gari.

Tulipoacha mji shemeji akasimamisha shingo na kuanza. "Ndugu mgeni, upande wako wa kulia unaona ndizi."

Nikatazama. Zilikuwa ndizi, zilezile zilizoko dirishani kwangu.

"Na kushoto?" nikauliza, maana mtalii huuliza.

"Kushoto pia ni ndizi."

"Zinaliwa?"

Akanikazia macho. "Zinaliwa sana. Huchemshwa, zikachanganywa na maharage. Ndicho chakula kikuu cha wenyeji."

"Maskini," nikasema. "Kila siku?"

Dereva akakohoa. Shemeji alinifinya paja nyuma ya kiti, kisha akamwambia dereva kwamba mgeni ni mcheshi, jambo ambalo lilikuwa la kwanza la kweli kusemwa asubuhi ile.

Nikiri hapa kwamba nchi ile ni nzuri, na nimeishi karibu nayo miaka hamsini bila kuisumbua. Ukitoka kwenye vibanja vyenye giza la migomba unatokea ghafla kwenye rweya, uwanda mtupu wa majani unaopanda na kushuka, upepo ukiulaza huku na huku, na majabali yamekaa tu kama ng'ombe waliochoka. Shemeji alieleza yote kwa sauti ya kukariri. Nikimkatiza kwa swali, ilimbidi arudi mwanzo wa sentensi. Tulisimama kwenye maporomoko yaliyokuwa na maji ya kutosha kunawia uso. Dereva hakushuka. Alilaza kiti, akafunika uso kwa kibaraghashia, na tuliporudi akatia alama kwenye fomu.

"Vituo vitatu vimepita," shemeji akaninong'oneza. "Bado nyumba ya kahawa na kilele. Usiharibu."

Nyumba ya kahawa ilikuwa ya bibi mmoja ambaye ofisi humlipa awaonyeshe wageni msonge wa nyasi na namna ya kuandaa kahawa. Sisi wawili hatukuwa tumewahi kumwona. Shemeji aliichagua makusudi, iko mbali na kwao. Safari hii dereva alishuka, maana siku ya majaribio kituo hiki hukaguliwa. Chini kulikuwa kumetandazwa majani mabichi. Bibi akatokea na kikapu kidogo.

"Nyegera, waitu," akatukaribisha, na shemeji akapiga magoti kumwamkia. Kwetu salamu haiishii kwenye salamu. Bibi akamuuliza baba yake ni nani, ukoo gani, na shemeji, ambaye hakuwa na sababu ya kudanganya juu yake mwenyewe, akajibu.

"Mae!" Bibi akaweka kikapu chini. "Marehemu mume wangu ni wa ukoo huohuo. Basi wewe ni mwanangu. Mwanangu amekuja!"

Wakakumbatiana. Dereva akatabasamu. Mimi peke yangu nilianza kupiga hesabu. Kama shemeji ni mwanawe, basi na dada yake ni mwanawe. Na dada yake anapika nyumbani kwangu. Bibi huyu alikuwa mama mkwe wangu.

Kwa wasiotujua: mkwe hamtazami mama mkwe usoni. Hapokei kitu mkononi mwake. Wakikutana njiani mmoja anaingia migombani mpaka mwenzake apite. Mimi nimefika kidato cha nne, na barazani kwangu huwachekesha wateja kwa kuzikejeli mila hizi. Lakini bibi alipoleta kikapu cha kahawa mbele yangu, mwili wangu haukuniuliza. Uligeuka wenyewe. Nikajikuta natazama mlango.

Dereva akainua macho kutoka kwenye fomu.

"Mgeni wetu," shemeji akasema haraka, "anapenda sana ujenzi."

"Ujenzi wa nini?" dereva akauliza.

"Wa mlango."

Bibi akaanza kutwanga. Nyuma yangu nikasikia kinu, kicheko, maelezo ya shemeji yakiyumba.

"Mgeni, unaona anavyotwanga?"

"Naona vizuri sana," nikasema, nikiuangalia mgomba nje.

"Na hizi punje zilizochemshwa na majani yake, ambazo mgeni hupewa atafune, unaziona?"

"Zinapendeza mno."

Kalamu ya dereva ilikuwa ikikwaruza karatasi. Bibi akaacha kutwanga. "Huyu mgeni wenu ana shingo?"

"Anayo, mama," shemeji akasema.

"Mbona haigeuki?"

Akanizunguka na kikapu chake ili anifikie mbele. Nikageuka. Akazunguka tena. Nikageuka. Tulizunguka msonge mzima mara tatu, mimi nimeshika kofia, bibi na kikapu, majani ya sakafuni yakitufuata miguuni, dereva akirudi nyuma kutupisha. Mzunguko wa tatu bibi akasimama kabisa.

"Huyu si mtu wa Dodoma," akasema taratibu. "Dodoma hawanijui hata wanikimbie hivi. Huyu ameoa kwetu."

Nikasikia khanga ikivutwa kwa nguvu. Naye alikuwa amejifunika uso na kunigeuzia mgongo. Tukasimama hivyo, migongo miwili, mmoja unatazama mlango na mwingine unatazama kinu.

"Dereva," bibi akasema, "mwambie mkwe wangu simwoni."

Dereva akanigeukia. "Anasema hakuoni."

"Mwambie mama namshukuru."

"Anasema anashukuru."

"Mwambie ana heshima. Wakwe wa siku hizi wanakuja na simu wanatupiga picha."

Dereva alifikisha hilo pia, kisha akafunga fomu yake kwenye ubao na kumtazama shemeji. "Dada, mteja ni mume wa dada yako?"

"Ndiyo."

"Mimi sina ubaya na wewe. Lakini siandiki uongo. Nimeswali asubuhi hii."

Nilitegemea shemeji atabishana, ni fundi wa kubishana. Hakubishana. Alikaa kwenye majani, akatoa mfukoni maelezo yake yaliyochakaa kwa kukunjwa, akayakunja tena. "Haya," akasema. "Nirudishe mjini." Nikaona aibu ambayo haikunitoka kwa utani. Miezi miwili ya mwanamke yule ilikuwa imeharibiwa na shingo yangu.

Bibi, ndani ya khanga, alikuwa bado anafikiri. "Wewe dereva, ni wa ukoo gani?"

"Sina ukoo wa huku, bibi. Babu yangu alitoka pwani, akafungua duka mjini. Mimi nimezaliwa Bukoba."

"Umekuja kwangu mara ngapi?"

"Nyingi. Miaka mitatu naleta watu."

"Umewahi kutafuna kahawa yangu?"

"Mimi hubaki na gari, bibi. Leo nimeingia kukagua tu."

"Huna mtu huku, huijui nyumba yangu, hujala kitu. Basi mgeni ni wewe! Kaa chini." Halafu akaongeza, kwa sauti ya kuelekea kwenye mlango, "Na mtu mmoja amwambie mkwe wangu aende migombani, ataletewa chakula."

Ndivyo nilivyoacha utalii. Nilikaa nyuma ya nyumba kwenye kigogo, nikaletewa bitoke na maharage kwenye jani la mgomba, chakula kilekile nilichokionea huruma asubuhi, nikasafisha jani. Kupitia ukuta wa nyasi nilimsikia shemeji. Mara ya kwanza alianza kukariri, dereva akamkatiza: "Ngoja, kwa nini mnatafuna badala ya kunywa?" Shemeji akaacha kukariri. Kisha akaanza kueleza tu, kama anavyoongea jikoni kwetu, jinsi punje mbili zilivyokuwa zikiwafanya watu ndugu, jinsi bibi yake mwenyewe alivyokuwa akizificha kwenye fundo la khanga ili ampe mtu aliyempenda. Dereva akawa anauliza, anajibiwa, wanacheka. Baadaye wakapanda kilele wote wawili, na upepo ukaniletea sauti ya mtu mzima akipiga kelele:

"Kumbe visiwa vinaonekana! Dada, vile ni visiwa?"

"Ni visiwa, mgeni wangu. Na ile mitumbwi ni ya wavuvi wanaorudi."

"Miaka mitatu nalala kwenye gari hapo chini!"

Aliposhuka alikuwa na majani kwenye kibaraghashia. Akafungua fomu na kuiweka kwenye boneti. Mahali pa mteja akaandika jina lake. Si ndugu: kweli. Hajawahi kuona: kweli. Akafika mwisho, kalamu ikasimama.

"Hapa wanataka sahihi ya dereva. Siwezi kuwa mteja na dereva."

"Nitasaini mimi," nikasema.

"Wewe umeendesha?"

"Sijui kuendesha."

"Basi itakuwa uongo." Akafikiri, akatazama uwanja wa bibi unaoteremka taratibu kuelekea barabarani. "Panda."

"Wapi?"

"Kwenye usukani. Teremko litakupeleka lenyewe. Nikisema breki, kanyaga ile ya katikati kwa nguvu zako zote."

Shemeji aliziba mdomo kwa mikono yote miwili. Nikapanda. Dereva akakaa nyuma, mahali pa mteja, akafunga mkanda. Shemeji akakaa mbele pembeni yangu na, Mungu amsamehe, akasema, "Ndugu mgeni, upande wako wa kulia unaona ndizi." Gari likaachiwa, likaanza kutambaa. Nilishika usukani kama mtu anayemzuia mbuzi kwenye mvua. Hatua tano, kumi, mambo yakawa mazuri, nikaanza hata kujiona. Ndipo bibi akatokea pembeni ya nyumba na mkungu wa ndizi wa kutuaga, katikati kabisa ya njia yetu.

Akaniona. Nikamwona. Yaani, nilianza kumwona, na shingo ikafanya kazi yake. Nikageuka kutazama dirisha la pembeni, mikono ikageuka pamoja na shingo. Bibi akatupa mkungu, akavuta khanga usoni, akaingia migombani kama desturi inavyotaka. Mimi, kwa upande mwingine, niliingia migombani na gari.

"Breki!" dereva alikuwa akipiga kelele. "Breki, mzee!"

Mgomba mmoja ulilala juu ya boneti, polepole, bila lawama. Hakuna aliyeumia. Kutoka mahali fulani ndani ya kibanja sauti ya bibi ilisema, "Mwambieni mkwe wangu asijali. Ule ulikuwa umezaa tayari."

Nikasaini. Dereva alijaza yaliyobaki mbele yetu, kwa mwandiko mzuri, akisoma kwa sauti. Mwongozaji: anajua nchi yake, anajibu kila swali. Dereva: hajui kuendesha kabisa, lakini ana heshima kwa wakwe. Kisha, kwa kuwa hapendi uongo, alikwenda kumweleza mwenye ofisi mambo yote, ukoo, shingo na mgomba, bila kuacha hata kimoja. Mwenye ofisi, nasikia, alicheka mpaka akatoka nje. Akasema waongozaji wote wa miaka mitatu hawajawahi kumshusha dereva yule akapanda kilele, na huyu amemshusha.

Jumatatu shemeji alinipigia simu nikiwa kwenye cherehani, nashona sketi ya darasa la tatu.

"Nimepata kazi, shemeji!"

"Hongera sana!"

"Wewe umefukuzwa. Wamesema dereva yule wa Dodoma asipangwe tena."