Mtoto Aliyepauka

Mama mkwe wangu hajawahi kutamka neno sanamu. Yeye ni Mlutheri tangu kwa bibi zake, na chochote ninachochonga, hata kama ni Yosefu na randa yake, kwake ni kinyago. "Kinyago chako kimenizibia njia," huniambia akipita na ndoo. Alipohamia kwetu Njombe baada ya kufiwa na mumewe, nilimpokea kwa magoti kama inavyopaswa, lakini jicho sikulitoa kwake. Mimi si mtu wa kuamini haraka. Tena nilikuwa na sababu. Miaka ilikuwa inakwenda, mtoto sijapata, na mwanawe wa kiume ni huyo mmoja tu niliyeolewa naye. Kila siku alizungumza na dada yake kwenye simu kwa Kibena, na nikiingia alishusha sauti. Mimi ni Mpangwa wa Lugarawa. Kibena changu ni cha kuombea chumvi tu. Nilijua wananitafutia mke mwenza.

Mwaka huo kigango kimoja cha upande wa Makambako kiliniagiza Bikira Maria aliyempakata Mtoto. Padri hakuficha: sanamu isipokuwa tayari kwa sikukuu ya Kupalizwa, watanunua ya plasta. Sikuwahi kupewa kazi kubwa namna hiyo, na wachongaji wanaume walishaanza kunicheka. Nilichonga kwenye kibanda cha uani, katika baridi ile ya Julai inayopasua midomo. Nilipomaliza kupiga msasa nikaanza vanishi. Kwa Mama ilishika vizuri. Kwa Mtoto ilikataa kabisa, ikajikusanya matone matone. Nilipomgusa mguu, vidole vyangu viliteleza kwa mafuta.

Wa kwanza kumshuku alikuwa muuza mbao. Nilikwenda mpaka kwake Makambako, nikamtupia mezani kitambaa nilichofutia, nikamweleza Mtoto alivyoikataa vanishi.

"Umeniuzia mti gani wewe?"

Alikinusa, akacheka. "Mama, mninga hautoi mafuta ya namna hii. Na ungetoa, ungetoa kwa wote wawili, mama na mtoto. Hebu tazama hukohuko nyumbani kwako."

Njia nzima ya kurudi maneno hayo yalinichoma. Kwa nini mtoto peke yake? Nani nyumbani kwangu angetaka kumpaka mtoto wangu kitu nisichokijua? Kwa mwanamke aliyekosa uzazi, jibu lilikuwa moja tu, nami nililijua jina lake na chumba anacholala. Mume wangu alikuwa Makete anapasua mbao, kwa hiyo sikuwa na wa kumweleza. Nilimfuta Mtoto kwa petroli, nikampiga msasa upya. Kesho yake alikuwa anang'aa tena.

Asubuhi iliyofuata niliaga kwamba nakwenda misa ya kwanza. Nikazunguka nyuma, nikajibanza kwenye kuni.

Alikuja na kopo lake la mafuta ya mgando. Alikaa kwenye kigoda changu, akayasugua mafuta viganjani mpaka yakapata joto. "Kamwene," akamwamkia Mtoto. Kisha akaanza na miguu, akapanda magoti, akamalizia mashavu kwa kidole gumba. Bikira Maria hakumgusa.

Nilitoka kwenye kuni kama kichaa. "Mama! Unamfanyia nini mtoto wangu?"

Hakushtuka hata kidogo. Alinitazama kana kwamba nimechelewa kupika.

"Amepauka," alisema. "Baridi yote hii unamwacha hivi! Ukimpeleka kwa watu na miguu ya vumbi, watasema kwetu hatujui kulea mtoto."

Nikamtazama Mtoto. Kweli, pale mafuta yalipokuwa hayajafika, msasa wangu ulikuwa umemwachia weupe ule wa vumbi. Nililia, kwanza kwa hasira, halafu sijui kwa nini. Mama mkwe alifunga kopo, akaniambia niende nikaote moto.

Vanishi kwa Mtoto niliiacha. Nilimaliza kwa mafuta yaleyale, nikiyasugua kila siku kwa zamu na mama mkwe. Padri aliuliza kwa nini Mama ameng'arishwa kwa namna moja na Mtoto kwa nyingine. Nikamjibu kwamba kwetu watoto hupakwa mafuta. Akaibariki.

Siku hizi mama mkwe ana safari za Makambako, eti kumwona dada yake. Simu za Kibena bado ananishushia sauti, na mimi bado natega sikio. Wiki iliyopita katekista wa kile kigango alinipigia. Alisema kuna mtu anaingia kanisani siku za kazi na kumpaka Mtoto mafuta. Anamshuku mama mmoja wa kwaya, na anataka kuweka kufuli.

Nilimwambia mlango auache wazi, baridi bado haijaisha.